Zamu ya Wiki Mbili

Kwahani, Unguja
18 Februari 2024

Kaka Matar,

Asalaam alaykum, na shikamoo. Sisi huku wazima, Mama tu miguu inamvimba, kwenda msalani mpaka ashike ukuta. Mkeo Tabia hajambo. Wanao wote wawili wanakwenda skuli, na yule mdogo kaanza chuoni pia, kusoma Kurani, kila jioni anatusomea kwa sauti mpaka majirani wanamwitikia. Kuku wa Mama wameibiwa. Kabaki jogoo peke yake, na Mama anasema hata mwizi kamuona huyo hana faida.

Mwandiko wangu nisamehe, unajua niliishia darasa la nne. Barua hii anakuletea Khairat jirani yetu, anakuja Maskati kununua nguo za sikukuu. Nimeona bora niandike. Kwenye simu maneno hunikwama, na nikikaribia kufika kwenye jambo lenyewe wewe unasema mtandao mbovu na simu inakatika.

Jambo lenyewe ni la kazi. Wiki iliyopita Bi Mwanapili, msimamizi wetu, kaja chumba cha kufulia na karatasi. Mashine ilikuwa inapiga kelele, kaizima. Kasema vibarua waliofua hapo hospitali kwa miaka, kila miezi mitatu wanapewa mkataba mpya, sasa majina yao yamepelekwa juu, watahakikiwa na wataajiriwa rasmi. Kasoma majina manne. La tatu ni Matar Mmanga Haji.

Wenzangu wote wakanitizama. Mmoja kasema, "Haya Matar, itika. Au tumpigie yule wa Maskati aje aitike?" Watu wakacheka. Mie nkacheka pia, sikujua nifanye nini na uso wangu.

Nakukumbusha kaka, si kwa ubaya. Ulipoondoka mwaka 2018 ulinambia nikushikie zamu yako wiki mbili, utizame mambo ya huko, ukirudi unaendelea. Ukanambia nitie sahihi jina lako kwenye daftari la mahudhurio, nisimshughulishe mtu. Mie nlikuwa na miaka kumi na tisa, nkafanya. Wiki mbili zimekuwa miaka sita. Mikataba yote naitia sahihi mie kwa jina lako. Pesa zinaingia kwenye kadi yako, anayo Mama, na nyumba inakula. Kazini wananiita Matar. Bi Mwanapili kanambia pembeni, "Mie nlifumba jicho kwa wiki mbili, mwanangu. Sasa hili jicho hata kufumbuka halijui."

Jina ni lako, mikono ni yangu. Unasemaje? Niandikie. Khairat anarudi kabla ya Ramadhani.

Ndugu yako,
Ubwa


Ruwi, Maskati
24 Machi 2024

Mdogo wangu Ubwa,

Waalaykum salaam, na marahaba. Khairat aliondoka kabla sijamaliza kuandika, ndiyo maana barua hii anayo mtu mwengine na imechelewa. Ramadhani karim. Huku futari ni neema, tajiri wangu anatufutarisha sote, nyama mpaka mtu anaikimbia. Kazi ya ghala inakwenda vizuri kabisa. Wananitegemea. Juzi tajiri kaniita kanambia, Matar, wewe ukiondoka hapa mie nafunga.

Mwambie Mama asitembee bila ya kandambili, sakafu ile ina baridi. Wanangu wabusu. Huyo jogoo mchinjeni.

Sasa hilo lako. Ubwa, wewe tangu mdogo una tabia ya kushtuka. Ajira inakuja, sema alhamdulillah, kwani imekuja nyumba ya nani? Baba yetu mmoja, mama mmoja, jina la nyuma moja. Tofauti iko wapi? Kaa kimya, fua shuka zako, na usende kuulizauliza kwa watu wa sheria. Watu wa sheria wakishaingia ndani ya jambo hawatoki mpaka liharibike. Bi Mwanapili mpelekee salamu, mwambie jicho lake aendelee kulifumba.

Mie kama kaka yako nitajua la kufanya. Subiri.

Matar


Kwahani
21 Aprili 2024

Kaka Matar,

Shikamoo. Sikukuu imepita salama. Tabia kapika biriani na wanao wamevaa nguo alizoleta Khairat kwa mkopo, wakapendeza. Mwanao mkubwa kaniuliza, "Baba mdogo, kazini kwako mbona unaitwa jina la baba?" Kumbe siku ile alipokuja kuniletea chakula kasikia. Nkamwambia ni utani wa wakubwa. Hakuniamini, katizama chini kama ninavyotizama mie.

Jogoo hatujamchinja. Mama kakataa.

Kaka, uliniambia nisende kwa watu wa sheria na mie nimekwenda. Nisamehe. Nlitaka kukaa kimya kama ulivyosema, lakini mambo mawili yamenisukuma.

La kwanza, uhakiki safari hii si wa kuitwa jina na kuitika. Ni kitambulisho, kidole kwenye mashine, na maswali ya kazi. Kidole changu hakitokubali kuwa chako.

La pili ni Bashira. Unamkumbuka, yule wa nyumba ya pili kutoka msikitini. Mama alikwenda kwao kuniulizia posa. Baba yake hakukataa, kasema tu nilete barua ya kazini aone kijana anafanya nini. Barua ya kazini ina jina lako. Mzee kaisoma, kaivua miwani, kaivaa tena, kanambia, "Sasa nimuoze binti yangu kwa nani hapa? Matar au Ubwa? Maana huyu Matar namjua, ana mke." Nkanywa chai yake nkaondoka.

Basi Bi Mwanapili kanipeleka kwa Bi Rabab, wakili, ofisi yake iko Mlandege juu ya duka la vitambaa. Ni mama mtu mzima, anavaa rida ya Kibohora, anasikiliza bila ya kukukatiza. Kaniuliza polepole.

"Nani anafua?"

"Mie."

"Tangu lini?"

"2018."

"Na ile wiki moja wanayokwambieni mkapumzike baina ya mkataba na mkataba, mnapumzika?"

Nkamwambia hatupumziki, siku ya pili shuka zinajaa mpaka mlangoni na Bi Mwanapili anatupigia simu. Kaandika. Kasema ile wiki ni ya kwenye karatasi tu, kazi haikukatika, na kwa maoni yake mtu aliyefanya kazi ya kila siku miaka yote hiyo si kibarua tena, ana haki ya kuendelea. Kisha kaweka kalamu chini. Kanambia haki hiyo yeye anaiona ni ya aliyefanya kazi, lakini karatasi zote zinamjua mtu mwengine. Hakuniahidi. Kasema tukitangulia sisi wenyewe kusema kweli, kabla hawajatugundua, tuna la kusimamia.

Anachotaka ni barua yako. Uandike kwamba kazi ile uliiacha 2018 na aliyefua tangu hapo ni mdogo wako Ubwa, na wewe huidai. Utie sahihi. Mistari mitatu tu kaka.

Nikamuuliza usipoandika je. Kasema ipo njia nyengine. Nitoe maelezo mwenyewe, na Bi Mwanapili atoe yake. Lakini hapo wewe utaandikwa kuwa uliacha kazi na jina lako likaendelea kulipwa, na serikalini hutopata kazi tena, na pengine litakuwa kubwa kuliko hilo. Nkamwambia njia hiyo siitaki. Kasema, "Sikukwambia uitake. Nimekwambia ipo."

Nasubiri barua yako. Bashira anasubiri pia, japo hajasema.

Ubwa


Ruwi
9 Juni 2024

Mdogo wangu,

Marahaba. Barua yako nimeipata. Joto la huku mwaka huu halina mfano, mtu unahisi unapikwa. Mie mzima, kazi inakwenda. Khairat nimeonana naye alipokuja tena mwezi uliopita, tulionana njiani tu kwa haraka, nilikuwa na mizigo ya tajiri. Akiwaelezeni mambo msiyatie maanani, yule maneno yake mengi.

Mwambie Tabia zile pesa nitatuma, mwezi huu pamekuwa na mchelewesho kidogo benki.

Nimekuwa nikiwaza Unguja. Nimekumbuka kile chumba cha kufulia, lile dirisha la nyuma lisilofungika. Bado lipo? Hebu niandikie siku hizi kazi inafanywaje. Mashine ni zilezile? Dawa gani mnatumia? Shuka za upasuaji na za wodi mnazitenga vipi? Nataka kujua tu, mtu akikaa mbali hutamani kusikia vitu vya kwao.

Na uhakiki ni tarehe ngapi khasa?

Sikukuu ya kuchinja inakuja. Mwenyezi Mungu atukutanishe.

Matar


Kwahani
30 Juni 2024

Kaka Matar,

Shikamoo. Mama miguu imepungua uvimbe, kapewa dawa. Tabia kaanza kukaanga mihogo barazani, inatoka kidogo kidogo. Wanao wanaulizia sauti yako, wapigie.

Khairat kaja nyumbani. Mama alikuwa anasali, tukakaa ukumbini. Mwanzo kasema hujambo. Baadae kaangalia mikono yake, kasema kakukuta umekaa nje ya msikiti wa Ruwi na fimbo, umekonda. Kwamba ulianguka ghalani tangu mwaka jana mwezi wa kumi, mgongo, na yule tajiri alishakuandikia uondoke. Kwamba unalala kwa watu. Hukuwa na mizigo yoyote.

Mama sijamwambia. Tabia nadhani anajua, maana kaacha kuulizia pesa.

Umeniuliza kazi inafanywaje. Nakuandikia kwa sababu umeuliza. Sikuulizi kwa nini unauliza.

Ukifika, kabla hujashika kitu vaa glavu mbili mbili, zile za kijani juu. Usiingize mkono ndani ya furushi. Lifungue chini, ulitandaze kwa fimbo, uitafute sindano. Manesi wanachoka wanazisahau. Mie nshachomwa mara mbili.

Shuka za thieta, zile za upasuaji, zinakuja kwenye mfuko mwekundu, hizo peke yake, hazichanganywi. Damu itoe kwa maji ya baridi kwanza. Maji ya moto yanaipika damu ndani ya kitambaa na haitoki tena, wageni wote hukosea hapo. Ikishatoka ndio utie maji ya moto na sabuni, na jiki mwisho, kifuniko kimoja kwa ndoo. Jiki ikizidi shuka inachanika mkononi mwa mgonjwa.

Mashine ni mbili, moja ni jina tu. Ile nzima mlango wake haushiki mpaka uusukume kwa goti. Siku umeme hamna tunafua kwa mkono, kila mtu na beseni lake. Dirisha bado halifungiki.

Za wodi ya watoto ni ndogo, zianike kamba ya chini. Na zipo zinazokuja zimekunjwa vizuri sana, juu kabisa ya furushi, kama zimetoka kupigwa pasi. Ujue hizo mtoto kafariki na mama yake ndiye aliyezikunja. Hizo mie huzifua peke yake. Hakuna aliyeniamrisha. Ukizifua usilie mbele za watu, lakini ukilia usione haya.

Uhakiki ni tarehe kumi na nne Agosti, saa tatu asubuhi, ukumbi wa mikutano, ghorofa ya kwanza.

Ile barua ya Bi Rabab bado naisubiri. Hata mstari mmoja.

Ubwa


Kwahani
6 Oktoba 2024

Mdogo wangu Ubwa,

Asalaam alaykum. Sijui nianzie wapi, wewe huko Nungwi na mie niko kwenye kitanda chako. Simu hupokei. Barua nampa dereva wa gari ya mkate, kasema hiyo nyumba ya wageni unayofulia anaijua.

Mama anakulilia. Kila akila anauliza Ubwa kala nini. Tabia anakusalimu sana, wanangu nao, mdogo kachora picha yako mbele ya kamba ya nguo, kichwa kikubwa kama boga. Bashira, kama hujasikia, kaposwa na mwenye duka Mlandege, mahari imeshapelekwa.

Barua ya ajira imetoka. Nimeajiriwa rasmi tangu tarehe mosi Septemba, na wamenihesabia miaka yote, tangu ule mkataba wa kwanza. Bi Mwanapili kanikabidhi glavu bila ya kunitizama. Wale wenzako hawanisemeshi. Nikisema jambo wanajibu, "Ndiyo, Bwana Matar," basi. Nilitegemea watanitania angalau.

Najua umekasirika. Ubwa, ningefanya nini? Visa imekwisha, mgongo umekwisha, nina watoto. Wewe kijana, mzima, utapata mahali. Siku ya uhakiki nilikutafuta kwa macho, sikukuona, nikasema hewallah, kaniridhia. Ungekuwa hukuridhia ungekuja.

Sasa nisikilize. Kazi hii siiwezi. Lile furushi lililorowa maji kulinyanyua tu naona nyota. Wiki iliyopita nilikaa chini ya kamba za nguo nusu saa siwezi kuinuka, na mtu wa kuninyanyua hakuna. Nimefikiri hivi. Urudi nyumbani. Asubuhi mie naja naweka kidole kwenye mashine, wewe unaingia unafua, alasiri narudi naweka kidole tena. Bi Mwanapili ukimuomba wewe atakubali, anakupenda. Mshahara wa kudumu ni mkubwa kuliko ule, tutagawana. Ni kwa muda kidogo tu, mpaka mgongo ukae sawa.

Jibu upesi. Mie kaka yako,
Matar


Nungwi
20 Oktoba 2024

Kaka Matar,

Waalaykum salaam, na shikamoo. Barua imefika na inanuka mkate. Mie sijambo. Mama mwambie nakula, wali upo, samaki wapo. Picha nimeipata, nimeibandika juu ya kitanda. Kichwa changu ndivyo kilivyo.

Huku nafua shuka za wageni. Mchanga na mafuta ya jua, damu hamna. Wameniandika jina langu. Siku ya kwanza msimamizi kaniita Ubwa mara tatu na mie nakunja shuka nimempa mgongo, kadhani mie kiziwi.

Umeandika kwamba siku ile hukuniona. Nlikuwepo. Nlikaa kwenye benchi la nje ya ukumbi, nyuma ya yale mapipa ya maji. Bi Rabab alikuwa chini getini ananisubiri. Nlikuwa na bahasha mkononi, ndani maelezo yangu nishayatia sahihi, na maelezo ya Bi Mwanapili kayatia sahihi yake. Yeye aliniambia, "Mie nastaafu mwakani, wakitaka kunifukuza wafanye haraka."

Ile njia ya pili nlikuwa nimeitaka. Nakwambia ujue. Ulikuja Unguja siku mbili kabla, ukashukia kwa rafiki yako Jang'ombe, hukuja nyumbani. Nkajua barua yangu haiji.

Wahakiki wakaita Matar Mmanga Haji. Nkasimama. Sikupanga, miguu ilisimama yenyewe. Ndipo ukatokea kwenye ngazi, umepita mbele yangu na fimbo, umevaa lile shati la Baba la kijivu, Tabia kalipiga pasi jana yake, kumbe kakupelekea wewe. Hukugeuka.

Mlango waliuwacha wazi kwa joto. Nlisikia yote. Wakakuuliza damu inatokaje. Ukawaambia maji ya baridi kwanza, maji ya moto yanaipika damu ndani ya kitambaa na haitoki tena, wageni wote hukosea hapo. Ukawaambia habari ya sindano, ukawaambia mlango wa mashine mpaka uusukume kwa goti. Wakacheka. Mmoja kasema, "Huyu kazi anaijua." Kisha wakakuuliza nini kigumu katika kazi hii, ukawaambia shuka za watoto zinazokuja zimekunjwa. Mwanamke mmoja pale mezani kajifuta macho.

Kaka, zile ulikuwa hujawahi kuzifua hata moja.

Nlitaka kuingia wakati ule. Nlishafika mlangoni. Nkakuona unainama kuweka kidole, hukuweza kuinama vizuri, ukashika meza kwa mkono wa pili, na shati limekuwa kubwa kwako mabegani. Nkajua nikiingia na bahasha ile ama napata mie ama tunakosa sote, lakini wewe utatoka hapo huna pa kwenda. Nkashuka ngazi. Bi Rabab kanitizama, kaichukua bahasha mkononi mwangu. Hakunigombeza. Kanambia, "Nenda kanywe maji, mwanangu."

Kwa hivyo usiseme nilikuridhia. Sikukuridhia. Nlikuonea huruma, na kila siku nikifua naijutia ile huruma, na kesho ukinirudisha mlangoni pale nadhani nitakuonea tena.

Kurudi kufua kwa kidole chako, hapana. Sitokuja kaka. Mama akilia, mie nitakuja kumuona siku ya mapumziko, lakini hospitali sitoingia.

Mgongo usiufiche. Nlimpigia Bi Rabab kabla sijaandika hii. Kasema mtu aliyeajiriwa rasmi akiumia au akiumwa anaweza kuomba kwa maandishi apewe kazi nyepesi, na wakimkatalia ana pa kwenda kulalamika. Kibarua hana pa kwenda, akiumwa mkataba unaisha tu. Wewe si kibarua. Andika barua, ambatisha cheti cha daktari, mpe Bi Mwanapili aipeleke. Omba upewe kupiga pasi na kukunja, hiyo inafanywa kwa kiti. Ukishindwa kuiandika, mlete mwanao mkubwa Jumapili na gari ya mkate, nitaiandika hapa na yeye atairudisha.

Tabia msalimu. Bashira usiniandikie tena habari zake.

Mkataba wangu wa huku ni miezi mitatu, unaisha mwisho wa Disemba. Wenzangu wanasema baada ya hapo hutwambia tukapumzike wiki moja.

Ubwa Mmanga Haji